Maswali na Majibu: Mwanga Unaposogezwa Hadi Kwenye Chipu

Barua nyingi za mwezi huu zimegusa jambo moja. Kampuni kubwa za chipu, hasa Broadcom na NVIDIA za Marekani, zimeanza kutoa swichi za vituo vya data, yaani vifaa vinavyounganisha kompyuta na kupitisha data kati yake, ambazo vifaa vyake vya mwanga havichomekwi tena kwenye uso wa swichi, bali vimewekwa juu ya kibao kimoja na chipu yenyewe. Wasomaji wa Dodoma, Singida na Kondoa wanauliza faida yake iko wapi na kama jambo hilo linatuhusu sisi wa kanda ya kati. Nimechagua barua chache na kuzifupisha bila kubadili hoja zake. Swali la kwanza ndilo linaloyabeba mengine, kwa hiyo jibu lake ni refu.

Ndugu Mwandishi, mimi ni mwalimu mstaafu wa fizikia. Siku zote niliwafundisha wanafunzi kwamba ishara ya umeme kwenye waya husafiri kwa mwendo unaokaribia ule wa mwanga. Sasa nasoma kwamba vituo vya data vinaiacha shaba na kutumia mwanga ili kuongeza kasi. Kama mienendo hiyo inakaribiana, faida inatoka wapi?
Mwalimu mstaafu, Kondoa

Shikamoo Mwalimu. Ulichowafundisha wanafunzi wako ni sahihi, na baadhi ya wanaoandika habari hizi magazetini wangefaidika kama wangepitia darasani kwako. Mwanga ndani ya uzi wa kioo husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde, yaani kama theluthi mbili ya mwendo wake katika ombwe, na ishara ya umeme katika waya mzuri wa shaba haiachwi nyuma na mwendo huo. Katika nyaya nyingine huupita. Kwa hiyo hakuna anayeweka kioo badala ya shaba ili ishara iwahi kufika. Kinachotafutwa ni wingi wa data zinazoweza kupita katika njia moja kwa sekunde moja, pamoja na kiasi cha umeme kinachotumika kuzipitisha, na katika mambo hayo mawili shaba imeanza kuelemewa.

Njia moja ya gigabiti 100 kwa sekunde, kwa mtindo wa ngazi nne za volteji unaotumika katika swichi za sasa, hubeba mabadiliko ya ishara zaidi ya bilioni 53 kila sekunde, na njia ya gigabiti 200 hubeba zaidi ya bilioni 106. Umeme unaobadilika haraka kiasi hicho hauenei tena katika unene wote wa shaba, bali hujibana kwenye ngozi yake ya nje, hivyo sehemu ya shaba inayofanya kazi hupungua na ukinzani huongezeka. Isitoshe, malighafi ya bodi ambayo shaba hiyo imelazwa juu yake hufyonza sehemu ya nishati na kuigeuza joto. NVIDIA imeeleza kwamba katika njia ya gigabiti 200, ishara inayotoka kwenye chipu ya swichi hadi kwenye kifaa cha mwanga kilichochomekwa mbele hupoteza hadi desibeli 22, na kwamba kifaa hicho kikihamishiwa ubavuni mwa chipu upotevu hushuka hadi kama desibeli 4. Wewe Mwalimu hesabu hiyo utaifanya kichwani, lakini kwa faida ya wengine niseme kwamba desibeli 22 maana yake ni sehemu moja tu kati ya 158 hivi ya nguvu iliyotumwa ndiyo inayofika, na desibeli 4 maana yake ni sehemu moja kati ya mbili na nusu.

Linganisha upotevu huo na ule wa kioo. Uzi wa kioo wa kawaida, kwa mwanga wenye urefu wa wimbi wa nanomita 1310, hupoteza kama desibeli 0.35 kwa kila kilomita. Ili upoteze desibeli 22 zile zile, ungehitaji kuuvuta zaidi ya kilomita 60, ambao ni umbali wa kutoka Dodoma mjini hadi Chamwino na kurudi. Shaba iliyomo ndani ya sanduku moja la swichi, ambayo urefu wake unapimwa kwa rula ya darasani, inakula nguvu nyingi kama uzi wote huo. Abiria wa treni ya SGR anayetoka Dar es Salaam kwa saa chache tu, kisha akasota kutoka stesheni hadi ofisini kwake Mtumba, hasaidiwi na treni yenye mwendo mkali zaidi. Angesaidiwa na stesheni iliyosogezwa karibu na ofisi, na hicho ndicho wahandisi hawa walichofanya.

Katika swichi iliyozoeleka, chipu hukaa katikati ya bodi na milango huwa mbele, ambako huchomekwa transiva, yaani vifaa vidogo vinavyogeuza ishara ya umeme kuwa mwanga na mwanga kuwa umeme, zile ambazo mafundi wetu wanazijua kwa jina la SFP pamoja na ndugu zake wakubwa. Ishara hutoka kwenye chipu, hupita kwenye shaba ya bodi, hufika kwenye transiva ikiwa imechakaa, kisha chipu nyingine ndogo iliyomo humo huikarabati kabla ya kuiwasha leza. Ukarabati huo peke yake unaweza kula karibu nusu ya umeme wote wa transiva. Ukiisogeza sehemu ya mwanga hadi milimita chache kutoka kwenye chipu kuu, ishara haichakai sana, na ile chipu ya ukarabati inaweza kuondolewa.

Broadcom ilianza kusambaza swichi yake iitwayo Bailly mwaka 2024. Uwezo wake ni terabiti 51.2 kwa sekunde, sawa na milango 64 ya gigabiti 800, na chipu yake imezungukwa na injini nane za mwanga, yaani zile sehemu za mwanga zilizosogezwa, zenye uwezo wa terabiti 6.4 kila moja. Kampuni inasema kwamba kwa kila gigabiti 800 mpango huu unatumia kama wati 5.5, wakati transiva ya kuchomeka hutumia kama wati 15. Zidisha kwa milango 64: wati 960 kwa mtindo wa zamani, wati 352 kwa mtindo mpya. Tofauti ya wati 608, ikiwaka usiku na mchana kwa mwaka mzima, ni uniti 5,300 na ushei za umeme. Nyumba iliyo katika kundi la matumizi madogo la TANESCO, lisilozidi uniti 75 kwa mwezi, haivuki uniti 900 kwa mwaka, kwa hiyo swichi moja inaokoa umeme wa nyumba kama sita za namna hiyo, kabla hujahesabu umeme wa kupoozea joto ambalo halikuzalishwa. Namba hizi zimetolewa na muuzaji, na mwamba ngoma huivutia kwake. Lakini hata ukizikata kwa nusu, kituo cha akili unde chenye swichi kwa mamia kina sababu nzito ya kuhama.

Mfumo wetu wa ofisini huchukua karibu nusu dakika kufungua fomu moja, hasa asubuhi watu wanapoingia kazini. Tukiletewa swichi hizi za mwanga, tutapata nafuu?
Mtumishi wa umma, Mtumba

Hamtapata. Kutoka Dodoma hadi Dar es Salaam kwa barabara ni kama kilomita 450, na mwanga katika mkongo unaofuata umbali huo huchukua milisekunde mbili na robo kwenda, na muda kama huo kurudi. Hata mkongo ukizunguka mara mbili ya umbali huo, muda wa safari hautafika milisekunde 10. Fomu inayokawia nusu dakika inacheleweshwa na kitu kingine: programu inayoiuliza hifadhidata maswali mamia mahali ambapo swali moja lingetosha, seva iliyozidiwa na watu wanaoingia kwa pamoja, au Wi-Fi ya jengo inayogawanywa kwa simu za kila mtu. Mwombe mtaalamu wenu wa TEHAMA apime muda wa ishara kwenda na kurudi kwenye seva wakati wa msongamano. Akikuta milisekunde chache, mtandao hauna kosa, na waliotengeneza mfumo ndio wa kuulizwa.

Kuna nyakati ambapo tatizo ni la njia yenyewe, kama ilivyokuwa Mei 2024, mikongo ya baharini ya EASSy na SEACOM ilipopata hitilafu na intaneti ikasuasua nchi nzima. Hapo pia dawa ni kuwa na njia nyingi za kutokea nje ya nchi. Chipu ya swichi haina la kufanya.

Nina kibanda cha kutengeneza simu hapa Majengo. Taa za LED ziko kila mahali na bei yake ni ya kutupa. Kwa nini isiwe rahisi kuwasha mwanga ndani ya chipu tangu zamani, mpaka leo ndiyo tunasikia?
Fundi simu, Majengo, Dodoma

Swali lako limegonga penyewe. Chipu hutengenezwa kwa silikoni, na silikoni haitoi mwanga kwa urahisi. Elektroni inaposhuka kutoka ngazi ya juu ya nishati kwenda ya chini ndani ya fuwele ya silikoni, haitoshi iachie nishati tu. Ni lazima pia ibadilishe mwendomasi wake (kwa Kiingereza momentum), na kwa kuwa mwanga haubebi mwendomasi wa kutosha, mara nyingi nishati hiyo huishia kuitetemesha fuwele na kuwa joto. LED unazozibandua kwenye simu zimetengenezwa kwa michanganyiko ya gali, ambayo haina kizuizi hicho. Leza za mawasiliano hutumia mchanganyiko wa indi na fosforasi, ambao hauoteshwi kwa urahisi juu ya silikoni kwa sababu atomi zake zimepangana kwa nafasi tofauti na zile za silikoni, na mahali zinapokutana hutokea nyufa ndogo zinazoiua leza mapema.

Hata hivyo silikoni ina fadhila nyingine. Kwa mwanga wenye urefu wa wimbi unaozidi nanomita 1,100 hivi, silikoni ni angavu kama dirisha, na inaweza kuchongwa kuwa njia nyembamba zinazouongoza mwanga huo na kuupinda kwenye kona kali. Mwaka 1987 Richard Soref na Brian Bennett walionyesha ni kwa kiasi gani mwendo wa mwanga ndani ya silikoni hubadilika wingi wa chaji unapobadilishwa. Huo ndio msingi wa kutia data kwenye mwanga kwa kutumia silikoni: leza inawaka mfululizo bila kuzimwa, na silikoni inaufifiza na kuuachia mwanga kulingana na ishara ya umeme inayotoka kwenye chipu. Mwaka 2004 Intel ilionyesha kifaa cha aina hiyo kilichovuka gigahezi moja, mwaka 2006 kampuni hiyo na Chuo Kikuu cha California, Santa Barbara, zikaonyesha leza iliyogandishwa juu ya silikoni, na mwaka 2016 Intel ikaanza kuuza transiva za gigabiti 100 zilizotengenezwa kwa njia hii. Upande wa kupokea, gerimani huoteshwa juu ya silikoni ili iunase mwanga na kuugeuza umeme tena.

Kwa hiyo mwanga ulikuwa umeshafika kwenye silikoni siku nyingi. Kilichobaki, na ambacho mimi nakiona kigumu kuliko fizikia yote, ni kazi ya kuunganisha. Kiini cha uzi wa kioo unaopitisha mwanga kina upana wa mikromita 9 hivi, wakati njia ya mwanga iliyochongwa kwenye silikoni ina upana wa karibu nusu mikromita. Kuvikutanisha viwili hivyo ili mwanga usimwagike pembeni kunahitaji usahihi wa mikromita moja au chini yake, kisha kuvibana kwa gundi isiyosogea chipu inapopata joto, na kuvirudia hivyo kwa mamia ya nyuzi kwenye swichi moja. Wewe unayeshika mashine ya hewa ya moto na darubini kila siku utaelewa kwa nini kiwanda kinaweza kuwa na chipu nzuri na bado kikatupa nyingi wakati wa kuziunganisha.

Joto nalo ni adui. NVIDIA, kwa kushirikiana na TSMC, kampuni ya Taiwan inayotengeneza chipu, imechagua kutumia pete ndogo sana za silikoni zinazozungusha mwanga wa rangi moja tu; pete hizo huchukua nafasi kidogo na umeme kidogo, lakini kila nyuzi moja ya selisiasi inayoongezeka huisogeza rangi hiyo kwa kiasi cha nanomita 0.07 hadi 0.1, na kwa pete nyembamba kiasi hicho kinatosha kuivuruga. Kila pete inabidi iwe na kipasha joto chake na saketi ya kuichunga, ikiwa imekaa jirani na chipu inayotumia mamia ya wati ambayo joto lake hupanda na kushuka kwa kadiri ya kazi. Broadcom kwa upande wake imetumia vifaa virefu zaidi vinavyougawa mwanga katika njia mbili na kuukutanisha tena, ambavyo ni vikubwa lakini havidekezwi kiasi hicho.

Taasisi yetu inaandaa zabuni ya vifaa vya chumba cha seva. Mmoja wa wazabuni ametushauri tuandike kwenye mahitaji yetu swichi zenye mwanga ndani ya chipu ili tusipitwe na wakati. Unatushauri nini?
Afisa ununuzi, Dodoma

Ninashauri msiandike. Sababu ya kwanza ni mahitaji yenyewe: swichi hizi zimetengenezwa kwa ajili ya majengo yenye maelfu ya chipu za akili unde zinazozungumza zenyewe kwa zenyewe bila kupumzika, na chumba cha seva chenye raki (kabati za kufungia seva) chache hakina kazi ya kuipa swichi ya terabiti 51. Milango ya gigabiti 25 kwa seva na gigabiti 100 kati ya swichi na swichi inatosha kwa taasisi nyingi ninazozifahamu, na mingi itakaa bila kujaa.

Sababu ya pili ni ukarabati, na hapa ndipo ningependa mtulie. Transiva ya kuchomeka ikifa saa nane ya usiku, fundi wa zamu huichomoa, huchomeka nyingine iliyoko kabatini, na kazi inaendelea bila swichi kuzimwa. Injini ya mwanga iliyofungwa ubavuni mwa chipu ikiharibika, hakuna cha kuchomoa, na milango yote iliyokuwa ikiitegemea inakufa pamoja nayo hadi swichi nzima itolewe. Watengenezaji wana jibu, nalo si la kupuuzwa: kwa kuwa kinachoharibika zaidi katika transiva ni leza, wameziacha leza nje, kwenye vichomekeo vya mbele vinavyobadilishika, na mwanga wake hupelekwa ndani kwa uzi wa kioo, NVIDIA inaongeza kwamba mpango wake unatumia leza pungufu mara nne, hivyo vya kuharibika ni vichache. Ninakubali hoja hiyo kwa mwenye swichi 1,000, kwa sababu moja ikifa hata haonekani kupungukiwa. Kwa taasisi yenye swichi mbili, moja ikifa imeondoka na nusu ya mtandao, na mbadala wake utatoka ng'ambo kwa taratibu za ununuzi mnazozijua ninyi kuliko mimi.

Badala ya hayo, andikeni mambo matatu ambayo wazabuni hupenda kuyaacha. Swichi ikubali transiva za watengenezaji wengine bila kufuta dhamana. Transiva za akiba ziwe sehemu ya bei ya zabuni na zifike siku moja na swichi. Na nyuzi za kioo zote za jengo ziwe za aina ya mwanga mmoja (single-mode), ile yenye kiini cha mikromita 9, kwa kuwa hizo ndizo zitakazowafaa hata mtakapobadilisha swichi mara mbili au tatu. Mkikutana na transiva zinazotumia umeme kidogo, zisizo na ile chipu ya ukarabati ndani yake, fahamuni kwamba hizo ni njia ya kati kati ya zamani na mpya, na zinategemea sana ubora wa swichi, hivyo msizinunue bila kuzijaribu kwenye swichi ile ile mtakayoitumia.

Mimi ni fundi wa kuunganisha faiba. Kama faiba zinaingia hadi ndani ya chipu na kugandishwa kiwandani, sisi tutabaki na kazi gani?
Fundi wa faiba, Singida

Kazi itaongezeka, ndugu yangu, na itakuwa na masharti makali zaidi. Chukua ile swichi ya terabiti 51.2: ina njia 512 za gigabiti 100 za kutoka na nyingine 512 za kuingia. Kama kila njia ingepewa uzi wake, nyuzi zingekuwa 1,024; rangi nne za mwanga zikipitishwa katika uzi mmoja, zinabaki 256, bila kuhesabu zile zinazoleta mwanga wa leza kutoka nje. Zote hizo hutokea mbele ya swichi na kuunganishwa na za jengo, na kila muunganiko ni mahali pa kupotezea nguvu. Katika mpango ambao desibeli zimehesabiwa moja moja, kiunganishi kichafu kinachokula desibeli moja au mbili hakivumiliki tena.

Uchafu ndio ninaotaka kukuonya juu yake, maana upepo wa Singida wa mwezi wa Agosti wote tunaujua. Chembe ya vumbi ya mikromita 9 huioni kwa macho, lakini ikitua katikati ya kiunganishi inaziba njia yote ya mwanga, na ukikibana kiunganishi hicho juu yake unakwaruza kioo cha pande zote mbili kwa mpigo. Kagua kwa darubini ya faiba kabla ya kuunganisha, hata kama kiunganishi kimetoka kwenye mfuko mpya. Safisha kwa kalamu ya kusafishia au kitambaa kisichotoa nyuzi, kisha kagua tena. Usitumie shati. Usipulize kwa mdomo, kwa sababu mate ni mabaya kuliko vumbi.

Jambo la usalama: leza zilizowekwa nje hutoa mwanga wenye nguvu kuliko ule wa transiva ndogo ulizozoea, kwa kuwa leza moja hugawiwa njia kadhaa, na mwanga huo wa nanomita 1310 hauonekani. Kutoona kitu chekundu kwenye ncha ya uzi si uthibitisho kwamba umezimwa. Tumia kipima nguvu, kamwe usitumie jicho.

Nimesoma kwamba swichi hizi hupoozwa kwa maji. Dodoma tunagawiwa maji kwa zamu. Vituo vya namna hiyo vikija si vitatumalizia?
Msomaji, Ipagala

Kuna mambo mawili yanayochanganywa. Swichi ya Quantum-X ya NVIDIA hupoozwa kwa kimiminika kweli, lakini kimiminika hicho huzunguka ndani ya mabomba yaliyofungwa na hakipungui kwa kuwa kimepoza chipu. Maji hupotea pale joto hilo linapotolewa nje ya jengo, iwapo mwenye kituo amechagua mitambo inayoyafanya maji yawe mvuke. Hewa kavu ya Dodoma inaifaa sana mitambo hiyo, na bei yake ya umeme ni ndogo, kwa hiyo kishawishi kitakuwepo. Lakini katika mji unaotegemea visima vya Mzakwe kwa sehemu kubwa ya maji yake, ningetaka kibali cha ujenzi kitaje mitambo ya kutolea joto kwa feni na hewa, hata kama inakula umeme zaidi. Tuko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na usiku wetu una baridi ya kutosha kusaidia.

Shikamoo. Nasoma uhandisi wa kompyuta mwaka wa tatu. Je, shaba itatoweka kabisa kwenye vituo vya data? Na mtu wa hapa Dodoma anaweza kujifunza fani hii bila kiwanda?
Mwanafunzi, Chuo Kikuu cha Dodoma

Marahaba mwanangu. Shaba haitatoweka, na mfano bora unatoka kwa kampuni hizo hizo zinazouza mwanga. NVIDIA ilipoonyesha raki yake ya chipu 72 mwaka 2024, ilieleza kwamba ndani yake kuna nyaya za shaba zipatazo 5,000 zenye urefu wa jumla wa zaidi ya kilomita tatu, na kwamba kama wangetumia transiva za mwanga mahali pake, raki hiyo moja ingehitaji wati 20,000 zaidi. Kwa umbali wa mita moja au mbili, shaba isiyo na chipu ya kuisaidia haitumii umeme wa ziada, haina leza ya kufa, na bei yake ni ndogo. Kanuni ya wahandisi ni kutumia shaba hadi pale itakapokataa, na kila mara kasi ya njia inapoongezwa maradufu, mahali pa kukataa husogea karibu zaidi. Waya wa shaba usio na msaada uliofika mita tatu katika swichi za gigabiti 400 haufiki huko katika swichi za gigabiti 1,600. Ndani ya raki bado shaba inatawala. Kati ya raki na raki mwanga umeshashinda. Ugomvi wa miaka hii ni nani atachukua zile sentimita za mwisho kabla ya chipu, na Intel ilishaonyesha mwaka 2024 kijichipu cha mwanga chenye njia 64 za gigabiti 32 kila upande, kilichofungwa pamoja na chipu ya kompyuta badala ya chipu ya swichi.

Kuhusu kujifunza, kiwanda hakihitajiki mwanzoni. Sehemu kubwa ya kazi ya kubuni njia za mwanga hufanywa kwa kutatua kwenye kompyuta milinganyo ya Maxwell, ile inayoeleza tabia ya mwanga, umeme na sumaku, na ipo programu huria iitwayo Meep, iliyoanzia chuo cha MIT cha Marekani, inayofanya kazi hiyo bila malipo. Anza na njia iliyonyooka ya silikoni yenye upana wa nanomita 450 na kimo cha nanomita 220, iliyozungukwa na oksidi ya silikoni. Iweke rangi ya nanomita 1310 kisha 1550, uone mwanga unavyotoka nje ya kuta zake. Ipinde kwa nusu kipenyo cha mikromita 5, kisha 2, upime unaomwagika. Ukishaelewa hapo, tengeneza pete, na ubadilishe kipeo chake cha kupinda mwanga kana kwamba joto limepanda kwa nyuzi 10. Hesabu hizo zikifanywa katika vipimo viwili zinawezekana kwenye kompyuta mpakato ya kawaida. Za vipimo vitatu zitahitaji mashine yenye kumbukumbu kubwa, na hapo mwombe mhadhiri wako nafasi kwenye seva ya chuo. Chagua pia somo la nadharia ya ishara na lile la uhamishaji wa joto, hata kama si la lazima katika programu yako, kwa sababu wanaotafutwa katika fani hii ni wale wanaoweza kukaa meza moja na mtu wa chipu, mtu wa mwanga na mtu wa joto, na wakawaelewa wote watatu.